Dan Cooper na ndege namba 305: ndege aliijua, parachuti hakuijua

Jumatano tarehe 24 Novemba 1971, siku moja kabla ya sikukuu ya Shukrani kule Marekani, jamaa mmoja wa makamo alifika kaunta ya Northwest Orient Airlines pale uwanja wa ndege wa Portland, Oregon, akalipa dola 20 keshi kwa tiketi ya kwenda Seattle, safari ya kama nusu saa tu. Jina alilotaja ni Dan Cooper. Kitambulisho hakuulizwa, mkoba wake haukupekuliwa, enzi zile kwa safari za ndani Marekani ukishakata tiketi ulikuwa unaenda kupanda ndege kama mtu anavyopanda basi. Hilo jina la D.B. Cooper ambalo dunia nzima inalijua yeye mwenyewe hakuwahi kulitumia, waandishi wa habari walichanganya majina kwenye haraka za kuripoti na likanasa hivyo hivyo mpaka leo.

Kisa hiki kimesimuliwa sana, na kila kikisimuliwa jamaa anazidi kupambwa, eti mwanaume aliyeteka ndege, akaipiga chenga serikali nzima, akaruka na parachuti akatokomea na hela. Mimi sikubaliani kabisa na hiyo stori ya ushujaa, na sababu zangu zipo ndani ya kisa chenyewe. Ukikifuatilia saa kwa saa unamuona mtu aliyejua nusu ya kazi yake: kwenye ndege alikuwa anajua mambo ambayo hata marubani waliokuwa wanairusha hawakuyajua, ila kwenye kuruka, ambako ndo roho yake ilikokuwa, alifanya makosa ya mtu ambaye hiyo kazi haijui. Na unawaona pia watu wengine ambao stori inawapita harakaharaka, hasa dada mmoja wa miaka 22 aliyekaa na huyu mtu siti kwa siti kwa masaa.

Tuanze na ndege. Ilikuwa Boeing 727, ilianza safari Washington DC ikawa inashusha na kupakia njiani, Minneapolis, Great Falls, Missoula, Spokane, mpaka Portland, na kituo cha mwisho ni Seattle. Ndani abiria thelathini na kitu na wafanyakazi 6: kapteni William Scott, rubani msaidizi William Rataczak, injinia wa ndege Harold Anderson, na wahudumu watatu, Alice Hancock, Florence Schaffner na Tina Mucklow. Jamaa alikaa nyuma kabisa, suti nyeusi, tai nyeusi ile ya kubana kwa klipu, koti la mvua, akaagiza bourbon na soda, akawasha sigara.

Ndege iliondoka saa 9 kasoro dakika 10 alasiri. Haikupita muda akampa Schaffner kikaratasi. Schaffner, dada wa miaka 23, akajua ni yale yale ya kila siku, mwanaume mwingine wa safarini anatoa namba ya simu, akakitia kwenye pochi bila kukisoma. Jamaa akamsogelea akamwambia kwa sauti ya chini kwamba ni bora akisome, ana bomu. Akafungua mkoba kidogo tu, Schaffner akaona mitungi myekundu minane imepangwa kwa safu mbili, nyaya, na betri kubwa, akaufunga. Kama lilikuwa bomu kweli au mapambo tu hakuna aliyewahi kujua, na kwa maamuzi yaliyofuata hilo halina uzito, maana ukiwa hewani na watu wote wale huna namna ya kwenda kujaribu. Kikaratasi chenyewe jamaa alikidai akarudishiwa. Hapo unaona ni mtu aliyekaa chini akapanga, hakutaka mwandiko wake ubaki.

Madai yake yalikuwa mafupi: dola 200,000 taslimu, parachuti nne (mbili za mgongoni, mbili za akiba za kifuani), na gari la mafuta liwe tayari Seattle ndege ikitua. Dola 200,000 ya mwaka ule kwa thamani ya leo inazidi milioni moja. Rais wa kampuni Donald Nyrop aliidhinisha ilipwe na akaagiza wafanyakazi wampe mtekaji ushirikiano wote. Kuna watu huwa wanamlaumu Nyrop kwamba ndo aliyefungulia mbwa kwa waliokuja baadae, nitalirudia hilo, ila kwa wakati ule usisahau hali ilivyokuwa: kati ya 1968 na 1972 ndege zaidi ya 130 zilitekwa Marekani, nyingi watekaji wakitaka kupelekwa Cuba, na makampuni yalishazoea kwamba ukimpa mtekaji anachotaka abiria wanarudi nyumbani salama.

Ile namba nne ya parachuti ilikuwa akili kubwa. Mtu anayeruka peke yake anahitaji moja na ya akiba basi. Ukiomba nne, wanaokutafutia wanabaki wanajiuliza huyu si atambeba mhudumu au rubani aruke naye, kwahiyo hakuna atakayethubutu kuziharibu makusudi. Kwa ombi moja tu akawa amejilinda.

Sasa hela na parachuti vilikuwa vinatafutwa, ndege ikabidi izunguke juu ya Puget Sound, ghuba iliyopo karibu na Seattle, kama masaa mawili. Abiria waliambiwa kuna hitilafu ndogo ya mitambo kwahiyo kutua kutachelewa, wakawa wanasoma magazeti yao na kulalamika kuchelewa sikukuu, wengi hawajui kama wametekwa. Hiyo kazi ya kuwafanya wasijue ilifanywa na wahudumu, kutembea kwenye korido na uso wa kawaida huku unajua kilichopo siti ya nyuma.

Na hapa ndo nataka nikae kidogo na Tina Mucklow. Baada ya Schaffner kwenda mbele kuwaambia marubani, Mucklow ndo alikaa pembeni ya mtekaji. Kila ujumbe kutoka kwa jamaa kwenda chumba cha marubani ulipita kwake kwa simu ya ndani. Alimuwashia sigara ili mikono yake ibaki kwenye mkoba. Alimpigisha stori, akamuuliza kama ana kinyongo na kampuni ya ndege, jamaa akajibu kinyongo anacho ila sio na kampuni yao. Ndege ilipotua ni yeye aliyeshuka kuchukua mfuko wa hela na kuupandisha, mzigo wa karibu kilo 10, alafu parachuti, kwenda na kurudi. Yupo chini kabisa uwanjani, miguu yake ipo kwenye lami, angeweza kukimbia na hakuna ambaye angemlaumu. Alirudi. Jamaa alipotaka kumpa noti kadhaa kama bahasha ya asante akakataa, akasema kampuni hairuhusu wahudumu kupokea bakshishi. Miaka 22. Mimi nikisikia mtu anamuita Cooper mtulivu huwa nauliza, na huyu je? Cooper alikuwa ameshika bomu, utulivu hauna gharama kwa mwenye bomu.

Tuje kwenye hela. FBI walikusanya noti 10,000 za dola 20, nyingi namba zake zinaanza na herufi L, na kila noti ilipigwa picha kwenye maikrofilamu kabla haijatoka. Jamaa aliomba hela iwe taslimu, hakuweka masharti ya kutosha kuhusu namba. Kwa mtu aliyefikiria mpaka kikaratasi kurudishwa hilo ni pengo, na pengo hilo ndo linatupa leo ushahidi mkubwa kuliko wote kwenye kisa kizima, nitakuja nalo. Parachuti za kwanza zilizoandaliwa zilikuwa za jeshi kutoka kambi ya anga ya McChord, jamaa akazikataa, akataka za kiraia zenye kamba ya kuvuta mwenyewe kwa mkono. Polisi wakazipata kupitia shule ya kuruka kwa parachuti. Kwenye haraka hiyo, katika zile mbili za akiba, moja ilikuwa ya kufundishia darasani, imeshonwa, haifunguki hata ufanyeje. Hakuna aliyekusudia, ilichukuliwa tu pamoja na nyingine.

Ndege ilitua Seattle jioni kama saa 12 kasoro robo, giza limeshaingia, ikaegeshwa mbali na jengo, mapazia ya madirisha yameshushwa ili walenga shabaha wasione ndani. Meneja wa kampuni alileta mzigo akiwa na nguo za kawaida ili asije akadhaniwa ni polisi. Mzigo ulipoingia jamaa akaachia abiria wote na wahudumu wawili, Schaffner na Hancock. Kujaza mafuta kulisumbua, pampu ya gari la kwanza ikapata shida, likaja lingine, na lingine tena, jamaa akaanza kukosa uvumilivu. Ofisa wa mamlaka ya anga aliomba apande waongee, akakataliwa. Waliobaki ndani na jamaa ni marubani wawili, injinia wa ndege na Mucklow.

Alafu jamaa akatoa maelekezo ya safari ya pili, na hapa ndo penye utamu wa kisa hiki kiufundi. Alisema wanaenda Mexico City, ndege isipande zaidi ya futi 10,000, magurudumu yabaki chini, flapsi, zile bawaba za nyuma ya mabawa, ziwe zimeshushwa nyuzi 15, iende mwendo mdogo kadri inavyowezekana bila kudondoka, na ndani kusiwe na presha ya hewa. Chukua moja moja. Futi 10,000 ni kama kilomita 3, hapo binadamu anapumua bila mashine, na kama ndani hakuna presha ukifungua mlango hewa haikurushi nje kwa nguvu. Magurudumu na flapsi vinaifanya ndege iende pole pole bila kudondoka. Na kubwa kuliko yote ni aina ya ndege: Boeing 727 ina ngazi yake ya mkiani, inashuka chini ya mkia katikati, na injini zake tatu zipo nyuma juu, kwahiyo anayeruka kupitia ile ngazi anapita chini ya moto wa injini zote. Ngazi hiyo ilikuwa inaweza kushushwa ikiwa angani, kwa swichi iliyopo huko huko nyuma, na marubani mbele hawana namna ya kuizuia. Marubani wa kiraia hilo walikuwa hawajawahi kuambiwa maana hakuna aliyeona lina kazi kwenye safari ya abiria. Jamaa alilijua. Aliomba mpaka ndege ipae ngazi ikiwa chini, kampuni ikasema ni hatari, yeye akasema sio hatari ila hatabishana, ataishusha mwenyewe wakishakuwa hewani.

Huyu hakuokota ujuzi huo njiani. Alifanya kazi na ndege, au karibu sana na watu wanaofanya kazi na ndege, iwe jeshini, kiwandani au kwenye matengenezo, mi sina shaka na hilo. Ile tai yake aliyoiacha ilikuja kuchunguzwa kwa hadubini miaka mingi baadae ikakutwa na chembechembe za titani isiyochanganywa, madini ambayo miaka ile yalikuwa yanapatikana sehemu chache kama viwanda vya metali na kemikali na vya ndege. Hiyo haithibitishi kitu peke yake ila inaegemea upande huo huo.

Marubani walimwambia kwa mwendo huo mafuta hayafiki Mexico, wakakubaliana watue Reno, Nevada kuongeza. Wakaondoka Seattle kama saa 1 na dakika 40 usiku. Nyuma yao zikapaa ndege za kivita aina ya F-106 kutoka McChord, lakini ndege ya kivita ile ilitengenezwa ikimbie, haiwezi kwenda taratibu namna ile, ikawa inabidi izunguke huku na huku ili isiipite ndege ya abiria. Usiku, mawingu, mvua. Hawakuona chochote.

Jamaa akamtuma Mucklow aende mbele akafunge pazia na asirudi. Akiwa anaondoka aligeuka akamuona anajifunga kitu kiunoni. Huyo ndo binadamu wa mwisho kumuona Dan Cooper kwa uhakika. Kama saa 2 usiku taa ikawaka chumba cha marubani kuonyesha ngazi ya mkiani imefunguliwa, wakamuuliza kwa simu ya ndani kama anahitaji msaada, akajibu hapana, basi. Saa 2 na dakika 13 hivi mkia wa ndege ukanyanyuka ghafla, ikabidi wairudishe sawa. Baadae FBI walichukua ndege ile ile wakadondosha mzigo wa kilo 90 hivi kupitia ngazi ikiwa hewani, mkia ukanyanyuka vile vile. Kwahiyo ile ndo dakika aliyoondoka.

Wale wanne mbele hawakuwa na uhakika. Walirusha ndege mpaka Reno wakiwa na baridi, hawajui kama mwenye bomu yupo nyuma ya pazia au hayupo, wakatua ngazi inaburuza kwenye lami inatoa cheche. Ndani zilikutwa ile tai na klipu yake, vipisi vya sigara, alama za vidole ambazo hazikumpata mwenyewe, na parachuti mbili. Moja ya mgongoni haijaguswa. Nyingine ya akiba, nzima kabisa, imefunguliwa na kamba zake zimekatwa, alizitumia kufungia mfuko wa hela mwilini.

Sasa hesabu hiyo ifanye vizuri. Kulikuwa na akiba mbili, moja nzima moja ya kufundishia iliyoshonwa. Ile nzima ndo aliyoikatakata kutoa kamba. Ile iliyoshonwa haikukutwa ndani ya ndege. Yaani kama aliichukua kama akiba yake, aliruka na kitu ambacho kisingefunguka hata siku moja, na mrukaji mzoefu kitu cha kwanza akipewa parachuti na mtu asiyemjua ni kuikagua. Ongeza mazingira: usiku wa giza, mvua, nje ni chini ya nyuzi sifuri kwa urefu ule, upepo wa ndege unampiga kwa mwendo unaokaribia kilomita 300 kwa saa, kilo 10 za noti zimening'inia kiunoni, viatu vya kutumbukiza na suti, chini ni misitu mikubwa ya kusini magharibi ya jimbo la Washington, na hawezi kujua yupo juu ya nini maana mawingu yamefunika. Njia hakuwapangia marubani kwa usahihi, alisema tu waelekee Mexico. Kwahiyo hata kama angekuwa na mtu anamsubiri na gari, huyo mtu angesubiri wapi? FBI mwanzoni walidhani ni mwanajeshi wa parachuti, miaka ilivyoenda wakabadilisha mawazo, na mimi naona walikuwa sahihi kubadilisha.

Ila kuna hoja ya upande wa pili ambayo siwezi kuikimbia. Ndani ya miezi michache watu walimuiga na wakaruka wakapona. Richard LaPoint Januari 1972 aliteka ndege Las Vegas, akapewa dola 50,000, akaruka Colorado, akaumia lakini alikamatwa mzima. Richard McCoy Aprili 1972 aliteka Boeing 727 ya United iliyotoka Denver, akapewa dola 500,000, akaruka Utah, akadakwa ndani ya siku mbili akiwa na karibu hela yote. Martin McNally Juni 1972 aliruka Indiana usiku na hakuwahi kuruka kwa parachuti maishani mwake, akafika chini hai, hela ikamchomoka hewani. Kwahiyo anayesema Cooper lazima alikufa kwa sababu hakuwa mzoefu, McNally anamjibu. Hilo lazima tulikubali, kuruka tu peke yake hakutoshi kumuua mtu.

Ndo maana mimi siegemei kwenye kuruka, naegemea kwenye hela. Wale wengine wote walioruka walipatikana haraka, na walipatikana kwa sababu mtu aliye hai anakula, anaongea, anatumia. Orodha ya namba za noti za Cooper ilisambazwa kwenye mabenki na kasino, mapema 1972 ikawekwa wazi kwa wananchi, magazeti yakatangaza zawadi kwa atakayeleta noti moja tu. Hakuna noti hata moja iliyowahi kuthibitishwa kuonekana kwenye mzunguko. Mtu ahatarishe maisha yake kwa dola 200,000 alafu asitumie hata dola 20?

Alafu ikaja Februari 1980. Mtoto wa miaka 8 alikuwa na familia yake kwenye mchanga wa ukingo wa mto Columbia, sehemu inaitwa Tena Bar, karibu na Vancouver ya jimbo la Washington, anasawazisha mchanga wawashe moto, akafukua mabunda matatu ya noti zilizooza kingo. Dola 5,800. Mabunda mawili ya noti 100 na moja la 90, bado zimefungwa rababendi, na mpangilio wake ni ule ule kama zilivyotolewa kwa mtekaji. Namba zikalingana.

Furaha ya wapelelezi haikudumu maana ugunduzi ule ulizalisha maswali mapya. Msako wa mwanzo ulikuwa umejikita eneo la Ziwa Merwin na mto Lewis, msitu ulisakwa kwa helikopta na kwa miguu, mwaka 1972 wakaletwa mpaka wanajeshi kama 200 kutoka Fort Lewis. Lakini mto Lewis unaingia Columbia chini zaidi ya Tena Bar, na maji hayapandi kurudi juu. Kwahiyo hela haikuweza kuelea kutoka kule. Ndo watu wakaanza kuangalia upande wa mto Washougal, mashariki zaidi. Tena mwaka 2020 ulichapishwa uchunguzi wa mwani mdogo sana uliokutwa ndani ya noti, ni wa aina inayostawi maji yakianza kupata joto, haukuwa wa Novemba, ikimaanisha zile noti ziliingia majini miezi kadhaa baada ya kuruka. Wanaoamini alipona wanasema hapo si ndo alikuja kuzifukia. Mimi naona mfuko uliokwama msituni na mwili wake, au uliomchomoka kama wa McNally, unaweza kukaa juu ya nchi kavu mpaka maji ya masika yaje kuusomba. Zote mbili zinawezekana, ila ya kwanza inataka mtu aliye hai azike dola 5,800 mchangani pembezoni mwa mto na asiguse zilizobaki kwa maisha yake yote, hiyo mimi inanishinda kuimeza.

Watuhumiwa sitawapitia mmoja mmoja. Ndani ya miaka mitano ya mwanzo tu FBI walishachunguza watu zaidi ya 800 wakabakiza kama dazeni mbili, na kila baada ya miaka michache anatokea mtu anasema alikuwa baba yake, mjomba wake, mume wake. Nyingi zinasimama kwenye sura kufanana na mchoro, na mchoro wenyewe ni wa mwanaume wa kawaida aliyevaa miwani ya jua.

Kikubwa ni kilichofuata kwenye usalama, na hapa hasira yangu ipo wazi. Baada ya Cooper kila mtu aliona mlango ulipo: mizigo haikaguliwi, ngazi ya mkiani inafunguka hewani, kampuni inalipa. Mwaka mzima wa 1972 watu wakaingilia hapo hapo. Makampuni yalipinga ukaguzi wa abiria wote kwa kuogopa gharama na foleni, yakaona kulipa mara moja moja ni nafuu. Ikabidi ifike tarehe 10 Novemba 1972, watu watatu wakateka ndege ya Southern Airways namba 49 baada ya kuondoka Birmingham, Alabama, wakadai dola milioni 10, wakatishia kuidondosha kwenye kituo cha nyuklia cha Oak Ridge, Tennessee, rubani msaidizi akapigwa risasi ya mkono, safari ikaishia Havana baada ya kuzungushwa zaidi ya siku nzima. Ndipo tarehe 5 Januari 1973 ukaguzi wa kila abiria na begi lake ukawa lazima. Ndege za 727 zikafungwa kifaa kidogo kilichokuja kuitwa kwa jina la Cooper, kibati chenye springi nje karibu na ngazi, ndege ikiwa inaenda upepo unakizungusha kinakaa mbele ya mlango wa ngazi haufunguki, ikisimama springi inakirudisha. Ni kitu rahisi mno, kingeweza kuwepo tangu siku ya kwanza.

Kwahiyo nikirudi kwa Nyrop, simlaumu kulipa. Usiku ule kulikuwa na watu hewani na mkoba wenye nyaya, na watu wote wakashuka bila mkwaruzo. Lawama yangu ni ya miezi 13 iliyofuata, pale walipoendelea kuuchukulia utekaji kama gharama ya biashara huku wahudumu kama Mucklow ndo wanaokaa siti ya pembeni. Hata ile hela kampuni ilikuja kufidiwa kwa sehemu kubwa, bima ilikataa kwanza kulipa, kesi ikafika mahakama ya juu ya Minnesota, mwaka 1975 ikaamuliwa bima ilipe dola 180,000.

Novemba 1976, miaka mitano ikiwa inakaribia kutimia na kukiwa na wasiwasi kwamba muda wa kumshtaki utapita, jopo la mahakama Portland lilimfungulia mashtaka mtu asiyejulikana aliyejiita Dan Cooper bila yeye kuwepo, ili akipatikana wakati wowote kesi iendelee. Mashtaka hayo hayajawahi kusikilizwa. Julai 2016 FBI walitangaza wanawatoa wapelelezi wao kwenye kisa hiki waende kwenye kazi nyingine, vielelezo vikatunzwa, wakasema watakachopokea kuanzia hapo ni kitu cha kushikika tu, parachuti au hela. Noti 9,710 hazijaonekana, na namba zake bado zipo kwenye orodha.